Mwanamke ni Turufu: Habari za Ansa Ikonen wa Ufini

Na mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Katika toleo hili nimeona vema niwaletee habari za mwanamke wa nchi ya mbali, jina lake Ansa Ikonen, ambaye alikuwa mchezaji wa sinema mpendwa kuliko karibu wote wa nchi yake, na ambaye mwaka 1944 aliwahi kuiongoza filamu yeye mwenyewe. Wachezaji wa sinema ni wengi mno duniani, na kama ningetaka kusifu uzuri wa sura tu ningeweza kumtafuta mwingine wa karibu zaidi. Nimemchagua yeye kwa sababu maisha yake yanatufundisha tofauti iliyopo kati ya mtu anayeonekana na mtu anayeamua. Tofauti hiyo wengi wetu hatuijui, nasi hukaa mbele ya picha saa nzima na nusu bila kujiuliza ni nani aliyeziamuru zije kwa mpango ule.

Kwanza tuitazame nchi yenyewe. Ufini iko kaskazini ya Ulaya, kati ya Uswidi na Urusi. Ni nchi ya misitu na maziwa mengi, na wakati wa baridi jua huchomoza kidogo tu na kutua, na huko juu kabisa halichomozi kwa majuma mengi. Wafini walitawaliwa na Waswidi kwa karne nyingi, halafu tangu mwaka 1809 wakawa chini ya mfalme wa Urusi, mpaka walipojipatia uhuru tarehe 6 Desemba 1917. Lugha yao, Kifini, haifanani na lugha za majirani zao wengi, na mwaka 1940 walioizungumza, pamoja na wachache wenye kusema Kiswidi, hawakufika watu milioni nne. Nataka msomaji aikumbuke hesabu hiyo, kwa maana taifa dogo namna hiyo lilijitengenezea filamu katika lugha yake, na watu walizijaza nyumba za sinema.

Jambo jingine la kukumbuka ni la siasa. Mwaka 1906, kabla hata ya uhuru, wanawake wa Ufini walipewa haki ya kupiga kura na haki ya kuchaguliwa. Hakuna nchi nyingine ya Ulaya iliyowatangulia. Uchaguzi ulipofanywa mwaka 1907, wanawake 19 waliingia katika bunge la watu 200. Mwaka huo huo wa 1907 ilitengenezwa filamu ya kwanza ya hadithi nchini Ufini, nayo ilihusu wanaume waliokuwa wakipika pombe ya magendo msituni. Sisi tungewaita wapika gongo. Filamu hiyo imepotea, haipo tena. Basi mambo mawili yalizaliwa katika mwaka mmoja: wanawake kuketi bungeni, na Wafini kutengeneza sinema za hadithi. Mtu angedhani yatakua pamoja kama pacha. Hayakukua hivyo, nami nitaeleza.

Ansa Ikonen alizaliwa tarehe 19 Desemba 1913 katika mji wa St. Petersburg, ambao wakati ule ulikuwa makao makuu ya Urusi na wenye Wafini wengi. Mapinduzi ya mwaka 1917 yalipotokea mambo yaligeuka juu chini, na msichana huyu akakulia Ufini. Akaingia kazi ya jukwaa, na kwa miaka mingi alikuwa mchezaji wa Jumba la Michezo la Taifa mjini Helsinki. Filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1935, nayo iliitwa Kaikki rakastavat, yaani Wote Wanapenda. Mwongozaji wake alikuwa Valentin Vaala, na mwenye kiwanda ilikuwa kampuni ya Suomi-Filmi. Wakati huo kampuni kubwa zilikuwa mbili. Suomi-Filmi ilikuwako tangu mwaka 1919. Mwanzilishi wake, Erkki Karu, alisukumwa nje ya kampuni yake mwenyewe, naye kwa hasira akaanzisha nyingine mwaka 1933, Suomen Filmiteollisuus, lakini akafa mwaka 1935 kabla hajala matunda ya kazi hiyo. Aliyeirithi kazi hiyo ni Bwana T. J. Särkkä, mtu aliyetoka katika kazi ya benki. Nitarudi kwake.

Katika filamu ile ya kwanza Bibi Ansa alicheza pamoja na kijana mmoja mrefu mwenye sauti nzuri ya kuimba, Tauno Palo. Watu walipowaona wawili hao pamoja hawakutaka tena kuwaona mbalimbali. Mwaka 1936 wakatokea katika Vaimoke. Maana ya neno hilo ni mke mdogo, kwa kubembeleza, wala si mke wa pili kama ambavyo sisi tungefikiri. Wakaendelea hivyo filamu baada ya filamu, hata majina yao yakawa kama jina moja, Ansa na Tauno. Katika maisha yao hawakuwa mume na mke. Mume wa Bibi Ansa alikuwa mchezaji mwingine, Jalmari Rinne. Lakini nani awaambie watu waliokwisha kuwaoza katika giza la sinema?

Halafu vita vikaja. Tarehe 30 Novemba 1939 majeshi ya Urusi ya Kisovieti yaliishambulia Ufini, na vita vile vya baridi kali vilidumu mpaka Machi 1940. Michezo ya Olimpiki iliyokuwa ifanywe Helsinki mwaka 1940 ikafutwa. Amani iliyofuata ilikuwa fupi, kwa kuwa Juni 1941 vita vilianza upya na kuendelea hadi Septemba 1944. Katika nafasi ile ndogo katikati ya vita viwili, mwanzoni mwa mwaka 1941, ilitolewa filamu iitwayo Kulkurin valssi, maana yake Walzi ya Mzururaji, walzi ikiwa ni dansi ya kizungu ya kuzunguka wawili wawili. Mwongozaji alikuwa Särkkä mwenyewe. Hadithi yake ni ya zamani za mfalme wa Urusi. Bwana mmoja wa ukoo mkubwa anapigana na mwenzake kwa silaha, kwa ajili ya heshima, naye inambidi akimbie St. Petersburg na kujificha. Anavaa nguo za mzururaji, anafuatana na watu wa sarakasi, anakaa na Waromani katika kambi yao, na mwishowe anaajiriwa kama mtumishi katika nyumba kubwa ya shamba. Binti wa nyumba ile, Helena, anamdharau na kumpenda kwa wakati mmoja. Helena ndiye Ansa Ikonen, na mzururaji ndiye Tauno Palo.

Hadithi hii haina maana kubwa, na mwalimu wetu wa fasihi angeiandikia kwa wino mwekundu kwamba mambo yanatokea kwa bahati mno. Walakini ilikuwa miongoni mwa filamu zilizotazamwa na watu wengi kupita zote katika historia ya Ufini. Mimi naona sababu si ngumu. Watu walikuwa wamezika vijana wao mwaka uliopita. Wengine, mamia ya maelfu, walikuwa wamehama makwao kwa kuwa sehemu ya mashariki ya nchi ilichukuliwa na adui. Mtu aliyepoteza nyumba yake anapomwona bwana aliyepoteza jina lake akilipata tena, na akacheza dansi juu yake, hatauliza kama jambo hilo lingewezekana.

Sasa nifike kwenye somo lenyewe. Mchezaji katika filamu hufanya nini, na mwongozaji hufanya nini?

Katika mchezo wa jukwaani mambo huenda kwa mfuatano. Pazia likifunguliwa unaanza mwanzo, na ukifika mwisho watu wanapiga makofi. Filamu haitengenezwi hivyo. Tuseme hadithi ina harusi mwanzoni na msiba mwishoni, na yote mawili yanatokea katika baraza la nyumba moja. Haina faida kujenga baraza mara mbili, kwa hiyo asubuhi bibi harusi anacheka na mchana wa siku ile ile anamlilia mume aliyekufa, ingawa siku za ndoa yao zitapigwa picha majuma mawili baadaye mahali pengine. Mchezaji hana budi kulia vilivyo na kucheka vilivyo. Lakini lazima awepo mtu mmoja anayeibeba hadithi nzima kichwani mwake, anayejua kwamba kicheko cha asubuhi kisizidi, kwa maana kilio cha mchana kitakuja baada yake. Mtu huyo ndiye mwongozaji. Yeye huchagua kamera isimame wapi, ikaribie uso au iwe mbali, taa zitoke upande gani, neno gani lifutwe, na mwishoni husema picha ipi ikatwe na ipi ibaki.

Tena ni kazi ya gharama. Utepe wa filamu wa milimita 35 hupita katika kamera picha 24 kila sekunde, hata dakika moja hula utepe wa mita zaidi ya 27. Filamu ya dakika 90 ni karibu mita 2,460, yaani kama kilomita mbili na nusu za utepe, na hizo ni zile zilizochaguliwa tu. Kila mara mwongozaji asemapo turudie, fedha inateketea. Ndiyo maana wenye kampuni hawakumpa kila mtu kiti hicho. Walimpa yule waliyemwamini, na waliyemwamini mara nyingi alifanana nao.

Hata hapa shuleni tukicheza tamthilia mwisho wa muhula utaona jambo hili. Wasichana wenye sauti nzuri hupewa maneno mengi, hushonewa nguo, hupigiwa vigelegele. Lakini daftari la mwongozaji, lile lenye alama za penseli, hushikwa na mvulana, na hakuna aliyewahi kuuliza kwa nini. Sisemi kwa ubaya. Nasema kwa kuwa nililitambua tu nilipokuwa nikisoma habari za watu wa Ufini.

Wa kwanza wa wanawake wa Ufini kuongoza filamu ndefu ya hadithi alikuwa Glory Leppänen, mwaka 1936, nayo filamu yake iliitwa Onnenpotku, yaani Bahati ya Ghafla. Yeye pia alikuwa mchezaji. Alizaliwa Paris mwaka 1901, na mama yake alikuwa Aino Ackté, mwimbaji wa opera aliyejulikana Ulaya yote na ambaye mwaka 1912 alianzisha tamasha la opera ndani ya ngome ya kale katika mji wa Savonlinna. Mtoto aliyelelewa na mama wa namna hiyo hakuona ajabu mwanamke kuamuru. Hata hivyo yeye hukumbukwa zaidi kwa kazi yake ya jukwaani.

Miaka minane ikapita, ndipo ikafika zamu ya Ansa Ikonen. Mwaka 1944 ulikuwa mbaya. Mwezi wa Februari ndege za Kisovieti ziliushambulia mji wa Helsinki kwa mabomu, usiku wa siku tatu mbalimbali. Nchi aliyozaliwa na nchi iliyomlea zilikuwa zikipigana. Kila kitu kilikuwa haba, wanaume walikuwa vitani. Katika mwaka huo filamu iliyoongozwa naye ilitolewa, na jina lake ni Nainen on valttia. Karata ni marufuku bwenini, lakini nina hakika kila msomaji anajua turufu ni nini. Jina hilo kwa Kiswahili ni Mwanamke ni Turufu.

Nimelifikiri jina hili mara nyingi, kwa sababu linasema jambo zuri na jambo chungu pamoja. Turufu ina nguvu. Hata ikiwa ndogo inaila karata kubwa ya aina nyingine. Lakini turufu haijichezi yenyewe. Iko mkononi mwa mtu, naye huitupa mezani anapotaka. Wenye kampuni za filamu walijua vizuri kwamba Ansa Ikonen ni turufu. Kwa miaka tisa walimtupa mezani, na kila mara walishinda. Mara moja, katika Nainen on valttia, mwenye kuzishika karata alikuwa yeye.

Haikutokea mara ya pili. Baada ya filamu ile alirudi mbele ya kamera na jukwaani, wala hakuongoza filamu nyingine. Rafiki yangu mmoja wa darasa, niliyemsomea habari hizi wakati wa maandalio ya usiku, alinijibu kwamba labda alipenda kucheza zaidi kuliko kuamuru, na kwamba si haki kumsikitikia mtu aliyepata alichokitaka. Hoja hiyo ina nguvu, nami nisingependa kumfanya Bibi Ansa kuwa mtu wa kuhurumiwa. Alikuwa malkia wa kazi yake. Lakini nilimwomba rafiki yangu aweke hesabu mbili kando kwa kando. Särkkä, aliyetoka benki, aliongoza filamu karibu 50 na kusimamia utengenezaji wa nyingine nyingi, zaidi ya 200 jumla. Ikonen, aliyesimama chini ya taa zile tangu mwaka 1935 na kuziona kamera kwa macho ya karibu, aliongoza moja. Kama kupenda tu ndiko kulikoamua, basi ni ajabu kwamba wanawake wote wa Ufini walikuwa na mapenzi ya namna moja, kwa maana ukizihesabu filamu za miaka ile ya studio utawaona waongozaji wanawake kwa kuwatafuta kwa taa.

Wako waliopata njia nyingine. Mirjami Kuosmanen, aliyezaliwa mwaka 1915, alikuwa mchezaji kama Ansa, na mumewe, Erik Blomberg, alikuwa mpiga picha za sinema. Wawili hao waliandika pamoja hadithi ya Valkoinen peura, filamu iliyotolewa mwaka 1952. Peura ni mnyama wa jamii ya kulungu mwenye pembe za matawi. Wenzake wa aina hiyo hufugwa na Wasami wa kaskazini kama Wamasai wafugavyo ng'ombe, nao huvuta hata magari ya theluji yasiyo na magurudumu. Katika hadithi, Pirita ni mke aliyeolewa karibuni. Mumewe huenda na mifugo siku nyingi, naye anabaki peke yake katika weupe ule usio na mwisho. Anakwenda kwa mganga kutafuta dawa ya mapenzi. Mganga anamwambia amtoe kafara kiumbe wa kwanza atakayekutana naye njiani kurudi nyumbani. Wa kwanza kumlaki ni mnyama mchanga mweupe aliyepewa zawadi na mumewe. Anamchinja, na tangu hapo, mwezi ukiwaka, Pirita hugeuka kuwa mnyama mweupe anayewavuta wawindaji hadi mabondeni na kuwaua. Wanakijiji wanafua mikuki ya chuma. Mwenye kumchoma mwishowe ni mume wake mwenyewe, naye anapomwangalia mnyama aliyeanguka, anamwona mkewe.

Hadithi hii bibi zetu wangeielewa bila mkalimani. Blomberg aliiongoza na kushika kamera mwenyewe. Kuosmanen aliandika pamoja naye na akamcheza Pirita. Mwaka 1953, katika tamasha la Cannes huko Ufaransa, baraza la waamuzi lililoongozwa na Jean Cocteau liliipa tuzo ya filamu ya ngano, na mwaka 1957 ikapata tuzo ya Golden Globe kule Marekani. Kasoro moja naiona: wahusika wakuu ni Wasami, lakini waliowacheza ni Wafini, na Wasami wenyewe wangeweza kuwa na neno la kusema juu ya mganga yule na ngoma yake. Hapo tena swali ni lile lile la nani anayeamua. Hata hivyo, aliyeandika maneno ya Pirita alikuwa ni yeye aliyeyasema, na jambo hilo unaliona usoni mwake. Kuosmanen alifariki mwaka 1963, kabla ya kufika miaka 50.

Wakati huo viwanda vya zamani vilikuwa vimeanza kuanguka. Televisheni iliingia majumbani, na miaka ya sitini ilipoanza kwenda, wachezaji wakagoma wakizidai kampuni haki zao. Mwaka 1965 Suomen Filmiteollisuus ya Särkkä ikafilisika. Kabla ya hapo, mwaka 1961, mchezaji mwingine, Ritva Arvelo, aliongoza Kultainen vasikka, yaani Ndama wa Dhahabu, kutokana na tamthilia ya mwandishi mwanamke, Maria Jotuni, iliyotoka mwaka 1918. Ni habari ya watu wanaotajirika upesi kwa biashara ya wakati wa vita, na jinsi fedha ile inavyoingia katika ndoa zao. Tangu filamu ya Ansa Ikonen hadi hiyo ilikuwa imepita miaka 17.

Tauno Palo alifariki mwaka 1982. Ansa Ikonen aliendelea na kazi ya jukwaa mpaka uzeeni, akafariki mjini Helsinki tarehe 23 Mei 1989, akiwa na miaka 75.